Khadar Ayderus Ahmed na wachimba kaburi wake

Kwa muda mrefu Msomali kwenye muvi za wazungu alikuwa kazi yake moja tu, kushika bunduki. Barkhad Abdi kutoka Minneapolis aliigiza vizuri kwenye Captain Phillips (2013) mpaka akatajwa kwa Oscar, na nilimfurahia sana jamani, ila humo bado ni haramia wa meli. Kwa hiyo nilipoiona The Gravedigger's Wife ya Khadar Ayderus Ahmed nilibaki kushangaa kwanini hatukupewa kitu kama hiki mapema.

Khadar alizaliwa Mogadishu, akahamia Finland na familia akiwa kijana, akaanza kwa kuandika skripti na kutengeneza filamu fupi. Sasa wazo la hii muvi lilimjia hivi, familia ilipata msiba hukohuko Finland na mazishi yakachukua siku kibao, karatasi hii, ruhusa ile, na wewe kama ni Muislamu unajua hiyo inauma vipi, kwetu Pwani mtu akifa alfajiri saa kumi jioni ashazikwa na watu wanakunywa kahawa matangani. Ndo akakumbushwa kwao, kule wachimba kaburi wanakaa nje ya hospitali na majembe yao wakingoja maiti itoke. Yaani riziki yako ni mtu afe!

Kwenye muvi, Guled anafanya kazi hiyo Djibouti, alafu mkewe Nasra anaugua figo na upasuaji ni kama dola 5,000. Atazitoa wapi? Nasra ni Yasmin Warsame, yule modo wa Kanada, na Guled ni Omar Abdi, na nilichopenda kuliko vyote ni vile hawa wawili wanapendana, wanataniana, wanavaa vizuri wanazamia harusi ya watu wasiowajua. Mapenzi ya mke na mume wa Kisomali kwenye skrini, kwa Kisomali, bila mtu wa kutuelezea sisi ni kina nani. Sehemu ya Guled kutembea jangwani kwenda kijijini kwao inavuta kidogo, nasema ukweli, ila sikuondoa macho.

2021 ikaonyeshwa kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, kwenye kitengo cha Wiki ya Wahakiki, mwaka huohuo ikabeba tuzo kubwa ya FESPACO, tamasha la filamu za Afrika kule Ouagadougou, Burkina Faso, na Somalia ikaipeleka Oscar, mara yao ya kwanza kabisa kupeleka filamu. Muvi ya kwanza ndefu ya mtu hiyo!

Na hayuko peke yake, 2024 Mo Harawe, mtengeneza filamu mwingine Msomali, huyu yeye alienda Austria, akaingia Cannes na The Village Next to Paradise aliyoipigia Somalia kwenyewe, na humo pia kuna baba anachimba makaburi, sijui wameambiana?

Kitu kimoja nacho kinanikereketa. Wote wawili wanaishi Ulaya lakini kamera wanairudisha nyumbani, wakati kile kisa cha Finland, familia nzima imekaa inangoja kumzika mtu wao huku ofisi zimefungwa wikendi, hicho hakimo kwenye muvi kabisa. Na kuna Wasomali London, Toronto, Minneapolis, hadi binamu zao Eastleigh, Nairobi, wanaotumiwa vidio ya mazishi kwa WhatsApp, wanakijua kisa hicho vizuri tu. Khadar akikitengeneza, kwa Kisomali hivyohivyo, mimi nalipa tiketi mara mbili.