Ijumaa Kuu kwa jirani, Lafayette

Leo mtaa mzima ulinukia pilipili, limau na kitunguu saumu. Huku kusini mwa Louisiana, Marekani, Wakatoliki hawali nyama Ijumaa Kuu, na siku hii huangukia wakati kamba wa maji baridi (crawfish, kama kamba kochi wadogo) wamejaa sokoni. Mzee jirani, Mkajuni, yaani wa jamii ya Louisiana yenye asili ya Kifaransa, alituita mapema. Huku ukialikwa kamba, umealikwa na kuwapika.

Gunia la wavu lilikuwa na kama kilo 15, wote hai, wakitambaliana. Tuliwaosha mpaka maji yakatakata, waliokufa tukawatupa. Sufuria kubwa jikoni uani: chumvi, pilipili kali, mbegu za haradali, viazi, vitunguu saumu vizima. Wakachemka dakika chache tu, mzee akazima gesi na kumwaga humo mahindi yaliyotoka kwenye friza. Hayo hupoza maji ili kamba wasipitilize kuiva, kisha wanaachwa walowe. Viungo huingia hapo, moto ukiwa umeshazimwa. Watu husogea, huonja mmoja, hutikisa kichwa: bado.

Kisha wote wakamwagwa juu ya meza ndefu iliyotandikwa magazeti. Hakuna sahani. Unavunja mkia, unafyonza kichwa chenye mafuta ya manjano, unamenya, unatafuna, unachukua mwingine.

Nyama yenyewe ni kidogo mno. Kilo nzima hutoa kama gramu 150. Mwenye njaa ya kweli angekula wali. Naamini utamu wa shughuli hii uko kwenye huo ucheleweshaji: huwezi kula upesi, na vidole vikishalowa pilipili hakuna anayegusa simu. Kijana wa mzee, ambaye kwa kawaida hunipungia mkono tu, leo alinieleza kwa kirefu jinsi mashamba ya mpunga yanavyojazwa maji baada ya mavuno ili kamba wakue humo.

Mzee naye akazungumzia wahenga wake, Wafaransa wa Acadia, mashariki mwa Kanada ya leo, waliofukuzwa na Waingereza kuanzia mwaka 1755. Anasema zamani kamba walikuwa chakula cha maskini, watoto wakiona haya kuwabeba shuleni. Mwaka 1959 bunge la jimbo likautangaza mji wa Breaux Bridge, hapa karibu tu, kuwa makao makuu ya kamba duniani. Akilisema hilo, anakaa wima.

Nikamwambia kwamba kamba hawa hawa walipandikizwa Ziwa Naivasha mwaka 1970. Alifurahi sana, akataka kujua wanapikwaje. Natamani siku moja nimwage sufuria kama hii mezani kule Karagita, kando ya ziwa hilo, na ndugu zangu wote wamezunguka.

Jioni tulibaki wachache tukimenya mikia kwa ajili ya etufe ya kesho: kitunguu, pilipili hoho na seleri vikaangwe kwa siagi, mchuzi uwe mzito, uliwe na wali. Wali nimeomba nipike mimi.