Namba Saba

Kijana wa duka la muvi hapa Kaptembwo alinijazia flashi mwezi wa Machi: Welcome to the N.H.K., anime (katuni ya Kijapani) ya 2006, vipindi vyote 24. Nilikuja kuifungua Agosti, nikiwa na miezi mitano sijafika hata stejini.

Karo ilikuwa imenikwamia mwaka wa tatu. Nikarudi ploti, nikafunga mlango. Mama kule Molo alijua nasoma, na M-Pesa yake iliingia kila tarehe mbili. Hiyo ndiyo iliyoniuma.

Satou, mwenye hadithi, ana miaka 22, ameacha chuo, amejifungia chumba cha kupanga akiamini kuna njama ya kuwafanya watu wawe kama yeye. Wajapani wanaita hikikomori. Daktari wa akili Tamaki Saitō alilieneza neno hilo mwaka 1998, na kipimo chake ni miezi sita. Nikahesabu vidole. Nilibakisha mmoja.

Lakini Satou ana choo chake ndani! Chetu kiko mwisho wa ploti: vyumba kumi na viwili, kufuli moja, ufunguo kwenye msumari kando ya dirisha la Mama Brayo. Kujificha hapa ni ratiba. Slipasi za kila jirani nilizijua kwa mlio. Saa kumi alfajiri njia ilikuwa yangu. Kumi na moja, baba wa namba tatu keshaanza kukohoa akiwasha bodaboda. Mtungi niliujaza hiyo hiyo saa, bomba nikilifungua kidogo tu lisipige kelele.

Wengi huiona anime hii ya upweke. Mimi niliona uchovu. Satou anamdanganya mama yake kwenye simu mpaka mama anafunga safari kuja kumwona, na uongo unabidi uvalishwe nguo. Misaki, yule msichana wa kumtibu kwa mihadhara ya usiku bustanini, sikumwamini sana. Kinachomtoa Satou ndani ni njaa: pesa za nyumbani zinakatika, anaenda kuongoza magari usiku. Hapo nilirudisha nyuma, nikatazama tena.

Septemba mlango ukagongwa.

"Namba saba! Zamu yako kuosha choo. Ufagio huu hapa."

Nikafungua, macho yakiniwasha kwa jua. "Mama Brayo, kumbe ulijua niko?"

"Ufunguo naukuta umelowa kila asubuhi. Nani mwingine ananawa saa kumi?"