Mtu wa kucha

"Kumbe siku hizi hata mbwa ana mtu wa kucha." Hayo ni maneno ya mama mkwe, na wala si yeye aliyeniuma. Aliyeniuma ni Baba Neema, aliyecheka mpaka akakohoa. Wiki hii tumehama, Neema anasubiri matokeo ya kidato cha nne, mimi nimerudi kazini, lakini nikilala nasikia kile kicheko tu.

Bosi mnamjua, mbwa wetu aliyezoea kukanyaga mchanga na saruji. Nyumba mpya ni marumaru tupu, zile za kung'aa. Alipofika kizingitini akaweka makalio chini.

"Mvute tu, atazoea."

"Mama, akivutwa atateleza, na akiteleza ndiyo hatakanyaga tena. Kwanza tumkate kucha."

Hapo ndipo kikaja kicheko.

Sasa niulizeni mimi niwaeleze, maana wale hawakuuliza. Mbwa mwenye hofu hukaza vidole, kucha zikatangulia chini na zile nyama laini za wayo zikainuka. Kucha haina mshiko kwenye marumaru. Ukizisikia zinagonga sakafuni anapotembea, ni ndefu. Kata milimita moja au mbili kwa mara. Kucha nyeupe utaona wekundu kwa ndani, usiufikie. Nyeusi, kata vipande vyembamba na uache mara kidoa cheusi kinapotokea katikati ya mkato. Kornflawa iwe karibu, damu ikitoka unaigandamiza hapo. Nywele za katikati ya vidole nazo punguza, zisizidi usawa wa wayo.

Halafu vimkeka vya bafuni, vyenye mpira kwa chini. Mkeka wa plastiki usiuthubutu, utateleza naye. Vipange vikigusana kutoka mlangoni hadi kwenye bakuli la maji. Ini lililochemshwa, vipande vya ukubwa wa njegere, liweke juu ya mkeka penyewe. Ukimshikia mbele ya pua atanyoosha shingo, miguu ya nyuma ibaki, na hapo ndipo anapoanguka. Kamba ilegee. Dakika tatu hadi tano zinatosha, uache angali anataka. Akipita bila kusita, tenganisha vimkeka sentimita 10, baadaye 20. Akinyoosha mwili kuliko kupiga hatua, umeharakisha, rudisha nyuma.

Na sakafu isuuzwe kwa maji matupu, sabuni ikibaki huacha utelezi. Mbwa aliyekuwa akipita vizuri kisha akagoma ghafla ni habari nyingine: nyonga, magoti au macho. Huyo apelekwe kwa daktari wa mifugo kabla ya mkeka wowote.

Basi jana dada wa kazi alikuwa anavikusanya vile vimkeka apige deki. Sauti ikatoka kwenye kochi: "Hebu viache hivyo, mwanangu. Mbwa anapitia hapo." Mama mkwe huyo! Bosi naye akapita, mkia juu, akaenda kunywa maji. Nikamtazama Baba Neema. Akajifanya anasoma simu.

Ningekuwa nimelala saa hizi, ila Luku, mita ya umeme ya nyumba hii, siielewi. Jana usiku tulizima kila kitu, hata friji, na asubuhi uniti zimepungua. Fundi kasema atakuja Jumamosi. Tukizima kila kitu, nani anazila?