Swali la jikoni

Wiki nzima hii nimekuwa nikisikiliza wimbo mmoja: "King" wa Florence + the Machine, bendi ya London. Ulitoka Februari 2022 na nimekuwa nao tangu wakati huo. Mwanzoni niliupenda kwa ile sauti tu, maana Florence Welch akiimba hata asiyejua Kiingereza anasimama. Safari hii naupenda kwa maneno, kwa sababu maneno yenyewe yamefika nyumbani kwangu.

Wimbo unaanza na ugomvi. Mwanamke na mwanamume wako jikoni wanabishana: tuzae watoto au tusizae? Hapo hapo ubishi unapanuka. Dunia inaelekea kubaya, mwanamke ana ndoto kubwa, na hiyo sanaa anayoihangaikia, hivi ina thamani gani hasa? Yote hayo anayasema kwa sauti ya chini, karibu na kuongea, huku besi na ngoma zikipiga kwa mwendo uleule kama mtu anayezunguka chumbani usiku. Kiitikio kinapokuja hapandishi sauti. Anasema tu kwamba yeye si mama, si bibi harusi, ni mfalme.

Nimelifikiria sana hilo la kujiita mfalme. Angeweza kujiita malkia. Lakini malkia wa Uingereza ya zamani kazi yake ya kwanza ilikuwa kumpatia mfalme mrithi. Catherine wa Aragon aliachwa na Henry VIII baada ya miaka zaidi ya 20 ya ndoa kwa sababu hakumpa mtoto wa kiume aliyeishi. Mfalme naye alimhitaji mrithi, tena kuliko yeyote, ila aliyebeba mimba hakuwa yeye. Aliendelea kuwinda, kupigana na kutawala. Florence lazima alikuwa anayajua hayo, kwani mama yake, Evelyn Welch, ni profesa wa historia ya Ulaya ya zama za Renaissansi, zama za akina Henry VIII.

Na huyo mama ndiye anayenifanya nisikubali maelezo mepesi. Evelyn Welch amezaa watoto watatu, Florence akiwa wa kwanza, na mwaka uleule wa 2022 uliotoka wimbo huu ndio mwaka aliochukua uongozi wa Chuo Kikuu cha Bristol, mwanamke wa kwanza kukiongoza. Kwa hiyo anayeimba "King" si msichana ambaye hakuwahi kumwona mwanamke akiwa na vyote viwili. Amelelewa na mwanamke wa namna hiyo, na bado swali limemkaba koo.

Mimi naona kinachomkaba ni mwili. Tunapozungumzia kazi na familia huwa tunazungumzia muda: nani atakaa na mtoto, dada wa kazi atapatikana, mshahara utatosha. Hayo yana majibu, hata kama ni majibu ya taabu. Lakini Florence anafanya kazi kwa mwili. Anaimba peku, anaruka, anakimbia jukwaa zima. Mwaka 2015 aliruka kutoka jukwaani kwenye tamasha la Coachella, Marekani, akavunjika mguu. Novemba 2022, wakati wa ziara ya albamu yenye wimbo huu, akavunjika tena mguu jukwaani London na ziara ikaahirishwa. Mwili huo ndio unaoleta riziki, na mimba inautaka huo huo, tena ndani ya miaka ileile ambayo kipaji kimepevuka. Hakuna yaya anayeweza kukaa katikati ya hivyo viwili.

Alipoutoa wimbo alieleza kwamba alipokuwa anajijenga kama msanii hakulifikiria sana suala la jinsia. Alikuwa anajifananisha na wanamuziki wa kiume aliowahusudu. Ni alipofika miaka ya 30 ndipo aliposikia ukuta unashuka kati yake na hao, kwa sababu yeye ana uamuzi wa kufanya ambao wao hawakuwahi kulazimika kuufanya. Desemba 2016 Mick Jagger alipata mtoto wake wa nane akiwa na miaka 73, na bendi yake, The Rolling Stones, ikaendelea na ziara zake. Simwonei kijicho. Nataka tu ieleweke kwamba kwa mwanamume mlango huo haufungwi na kalenda, wala hauhitaji ashuke jukwaani hata usiku mmoja.

Sasa niseme kwa nini haya yamenifika.

Mimi ni mhandisi wa barabara. Nina miaka 33, nimeolewa, hatuna mtoto bado. Mwezi uliopita niliitwa kwenye usaili wa nafasi ya msaidizi wa mhandisi mkazi katika mradi wa kujenga barabara ya lami mkoani Katavi. Maswali ya kitaalamu niliyajibu vizuri, najua. Waliniuliza habari za ushindiliaji wa tuta, wakaniuliza nitafanya nini mvua ikikuta tabaka la changarawe halijafunikwa. Halafu mzee mmoja kwenye jopo akavua miwani, akaniuliza kwa upole kabisa, "Binti, na mambo ya uzazi umeyapangaje?" Nje walikuwepo wenzangu wanne wa kiume wakisubiri zamu, wawili kati yao wake zao ni wajawazito na walikuwa wanaongea hayo hayo pale kwenye benchi. Hakuna aliyeulizwa.

Nilijibu kwamba niko tayari kwa kazi. Nafasi nimepata. Lakini swali lile limekuja nalo nyumbani.

Nyumbani nako lilishakuwepo. Mama anauliza kwa kuzunguka. Shangazi hazunguki. "Mwanangu," aliniambia Jumapili, "barabara hazitakuita mama." Na ananipenda, ndiyo maana nilinyamaza. Shangazi huyo huyo ukimwekea Bi Kidude anainuka kwenye kiti. Bi Kidude hakujaliwa mtoto wa kumzaa. Aliimba taarabu, akapiga ngoma, akawafunda mabinti kwa unyago, akaimba mpaka uzeeni na kuifikisha sauti ya Unguja kote duniani, na alipofariki Aprili 2013 watu walimzika kwa heshima kubwa. Sijawahi kumsikia shangazi akisema maisha ya Bi Kidude yalikuwa nusu. Nilitaka kumwambia hivyo Jumapili, nikaona ni bora nimwambie siku tukiwa wawili tu.

Sheria nayo imeshatoa hukumu yake kimya kimya. Hapa Tanzania mama aliyejifungua ana likizo ya siku 84 yenye malipo, 100 akiwa amejifungua zaidi ya mtoto mmoja. Baba ana siku 3, tena azichukue ndani ya siku 7 tangu mtoto azaliwe. Kenya mama ana miezi mitatu, baba wiki mbili. Nazishukuru siku 84, kuna wanawake wengi hawana hata hizo. Ila mwajiri akiweka karatasi mbili mezani, ya kwangu na ya kaka mwenye vyeti kama vyangu, tofauti kati ya 84 na 3 anaiona kabla hajasoma jina.

Nirudi kwenye wimbo, maana kuna sehemu yake ambayo watu wanaipita haraka.

Wengi wanausikiliza kama tangazo la ushindi: mwanamke amekataa jiko, amechagua taji. Wausikilize mpaka mwisho. Kuelekea mwisho anakiri kwamba hakuwahi kuwa hodari kama alivyojidhania, kwamba hakuwahi kutosheka, na kwamba hiyo kazi haikumwachia. Ilimkokota kwa nywele ikamrudisha jukwaani. Hayo si maneno ya mtu anayeisifu kazi yake. Na baada ya hapo ndipo ngoma zinapopasuka na sauti inapanda bila maneno, anapiga ukelele mrefu ambao mimi siwezi kuuita furaha wala kilio. Wimbo uliojizuia muda wote unafumuka pale. Nikiwa garini peke yangu nampandisha sauti hadi vioo vinatetemeka.

Kwa hiyo mizani ya wimbo haina utamu upande mmoja na uchungu upande wa pili. Kuna mtoto ambaye huenda ungempenda kuliko chochote, na kuna kazi ambayo unaipenda na inakuburuta. Mwanamume wa kule jikoni halazimiki kupima. Hicho ndicho kinachoniuma kuliko kingine chote, kwamba wawili wanabishana lakini anayepoteza kwa jibu lolote ni mmoja.

Zipo nyimbo zilizojibu kwa upande mwingine. Mwaka 1998 Lauryn Hill alimwimbia mwanawe Zion, akasimulia jinsi alivyoshauriwa kuifikiria kazi yake kwanza, naye akamchagua mtoto. Ni wimbo mzuri na ninaupenda. Lakini ule una jibu, na kwa sasa mimi ninamhitaji mtu ambaye bado yuko ndani ya swali.

Kilichofuata kwa Florence ndicho kinachonifanya nisiweze kuusikiliza "King" kama zamani. Agosti 2023 alifuta maonyesho, halafu akasema amefanyiwa upasuaji wa dharura uliookoa maisha yake. Hakusema ni wa nini. Miaka miwili baadaye, mwaka 2025, akalieleza gazeti la The Guardian: alikuwa amepata mimba, akaambiwa imeharibika, akapanda jukwaani hivyo hivyo akafanya onyesho, na baadaye ikagundulika kwamba ilikuwa imetunga nje ya kizazi na alikuwa anavuja damu ndani kwa ndani. Oktoba 31 mwaka huo akatoa albamu ya Everybody Scream, iliyozaliwa katika hayo.

Niliposoma habari ile nilikaa nayo siku nzima. Kuna watu waliandika kwamba amejikana, kwamba aliyeimba "mimi si mama" kumbe alikuwa anatafuta mtoto. Jamani. "King" haukuwa kiapo. Ni wimbo wa mwanamke aliyekuwa anabishana, na anayebishana ana haki ya kufika mahali, kurudi, na kufika mahali pengine. Mwanamume akisema hataki watoto akiwa na miaka 35 kisha akapata wawili akiwa na 48, tunasema ametulia. Mwanamke akibadili nia tunamtolea kumbukumbu za maneno yake. Na yule mwanamke kufanya onyesho zima huku mwili wake uko katika hatari ya kifo, bila mwenyewe kujua, huko ndiko kukokotwa kwa nywele alikokuimba mwaka mmoja na miezi kadhaa kabla.

Jana usiku nilimwekea mume wangu wimbo huu, tukiwa tunaosha vyombo. Alisikiliza mpaka mwisho. Akauliza, "Kwa hiyo mke wangu unaniambia hutaki mtoto?"

Nikamwambia, "Sijasema hivyo. Namtaka. Na Katavi naitaka. Ninachouliza ni wewe utaweka nini mezani, maana mimi vyangu vyote vimeshawekwa na watu wengine."

Hakukasirika. Alikausha sufuria moja muda mrefu. Yeye ni mwalimu wa sekondari, na kwa kweli mwalimu anaweza kuomba uhamisho; hatukuwahi kulisema hilo kwa sauti kwa sababu wote wawili tulizoea kwamba anayehama au anayeacha ni mimi. Akasema ataandika barua kuomba ahamishiwe Mpanda, huko huko Katavi, na kwamba anaogopa, kwa sababu wazazi wake wako hapa Dar na yeye ndiye anayewapeleka kliniki. Nikamwambia hiyo hofu ni ya haki, tuitafutie njia na dada zake. Tukaendelea mpaka saa saba usiku. Hatujamaliza. Mambo ya lini, tumeyaacha wazi kwanza, na mimi sina haraka ya kumridhisha mtu kwa tarehe.

Leo asubuhi nimeandika barua ya kuikubali nafasi. Nimeongeza aya moja ambayo sidhani kama wamezoea kuipokea. Nimeuliza kambi iko umbali gani kutoka hospitali yenye chumba cha upasuaji, kama kuna gari la dharura linalolala kambini au linatoka mjini, na njia ikoje wakati wa masika. Mimba inayotunga nje ya kizazi hutokea mara moja au mbili katika kila mimba 100. Ikipasuka, mgonjwa hawezi kungoja greda lifungue njia. Ila sikuwaandikia sababu hiyo. Dereva akipinduka na lori la kokoto, kibarua akiangukiwa na kalvati, watalihitaji gari lilelile, na mhandisi anayeuliza mapema anakuwa anafanya kazi yake. Nimeisaini, nimeipeleka, na nakala nimempa mume wangu aambatanishe na ombi lake la uhamisho.