Siku 21 za Wete

Idi ile ilinikuta na miezi saba tangu niwekewe kule Chennai uboho wa dada yangu, ule ute wa ndani ya mifupa unaotengeneza damu. Kila ndugu wa baba na mama mmoja ana nafasi ya asilimia 25 tu ya kulandana nawe. Sisi tuko wanne, na aliyelandana nami ni yeye peke yake. Saratani ya damu ilikuwa imeondoka. Kinga ndiyo ilikuwa bado haijarudi, na hilo ni gumu kulieleza Wete, Pemba, ambako mtu akirudi kutoka India anatembea kwa miguu yake basi kapona, na watu lazima waje wampe mkono.

Mama alikaa mlangoni. Wenye mafua aliwarudisha, wengine wakaondoka wamenuna. Lakini mjukuu wa shangazi, wa miaka mitano, alikuja na kanzu mpya kudai mkono wa Idi. Hana homa, hana kipele. Alipanda kitandani kwangu, tukala halua kwa muda mrefu. Kesho yake akatokwa na tetekuwanga mwili mzima.

"Weye ushaugua tetekuwanga," mama alinambia. "Kovu hilo hapo kwenye paji."

Kweli niliugua, nikiwa darasa la pili. Lakini dawa za kabla ya kupandikizwa zilimaliza uboho wangu wa zamani, na pamoja nao chembe nyingi zilizokuwa zikikikumbuka kirusi kile. Hata chanjo za utotoni ilinipasa nianze upya, na ya surua, kwa kuwa ina kirusi hai kilichodhoofishwa, isubiri angalau miaka miwili. Chembe nyeupe za mwanzo zilionekana wiki ya tatu, nikadhani mambo yamekwisha. Zile zinazopambana hasa na virusi, chembe T, huchukua miezi mingi, pengine zaidi ya mwaka, nami nilikuwa bado nakunywa siklosporini ili uboho wa dada usiushambulie mwili wangu. Nilishaonja hatari yake Chennai: wiki ya sita saitomegalovirusi, kirusi kinachokaa kimya ndani ya watu wengi bila kuwadhuru, kiliamka. Kipimo cha damu cha kila wiki kilikigundua kabla sijaugua.

"Kovu lipo, kinga iende wapi?"

"Kovu ni la ngozi yangu, mama. Damu ni ya dada."

Nilichomficha ni kwamba vidonge vyangu vya asiklovia, dawa ya kuzuia virusi kama hicho cha tetekuwanga, vilikwisha siku sita nyuma. Nilikuwa nasubiri mzigo kutoka Unguja, bahari ikachafuka, nikajiambia siku chache si kitu. Daktari wa Chennai aliuliza hilo kwanza nilipompigia simu. Nikasema kweli. Hakunifokea. Aliniandikia dozi kubwa zaidi, nianze siku ile ile, na akataja sindano ya kingamwili, ambayo hatukuipata. Nijiangalie hadi siku ya 21. Homa au lengelenge moja tu, hospitali mara moja, kwani kwa mtu kama mimi tetekuwanga huweza kuingia mapafuni na kwenye ini. Binamu yangu alikwenda Chake Chake kwa pikipiki, akarudi na dawa kabla ya magharibi.

Mama alikuwa ameshamfuata shangazi. "Wifi, umeniletea mtoto mgonjwa!" Nilimweleza kwamba tetekuwanga huambukiza siku moja au mbili kabla ya vipele, kwa hiyo hakuna ambaye angeweza kuona kitu. Hakusikia. Ndipo nikamwambia habari ya vidonge. Alinyamaza muda mrefu.

Kila usiku alinikagua mgongo kwa tochi ya simu. Siku ya 14 aliona kipele shingoni, akakesha kitandani kwangu akinishika paji kama kuna joto. Asubuhi kilikuwa kimefifia, mbu.

Siku ya 22 alipika bokoboko, akajaza bakuli kubwa, akajitanda kanga, akalipeleka mwenyewe kwa shangazi.