Tuliandika barua, muda ukatupita

"Mlijua lini?" Hilo ndilo swali la kwanza alilouliza wakili, hata kabla sijamaliza kumweleza jinsi mamlaka ya leseni ilivyompa mshindani njia yetu bila kutangaza maombi yake wala kutusikiliza. Nikamtajia tarehe. Akahesabu, akanyamaza. Ilikuwa imepita miezi 4 na siku 11, na sheria ilitupa miezi 3 ya kwenda mahakamani.

Nilikuwa katibu wa umoja wetu wa wenye mabasi madogo, na miezi hiyo sikukaa bure. Niliandika barua 3 za malalamiko, kila mara nikaambiwa suala linashughulikiwa. Nikadhani maadamu tunaandikiana, siku hazihesabiwi. Kumbe barua ya malalamiko si shauri la mahakamani, na haisimamishi muda. Muda wenyewe haufanani kila nchi: kuomba mahakama ifute uamuzi wa namna hii, Kenya na Tanzania ni miezi 6, Uganda na Uingereza ni 3. Tena Uingereza unaweza kuambiwa umechelewa hata ndani ya hiyo 3, ikiwa hukwenda upesi.

Ikabidi tuombe kuongezewa muda. Wakili alitaka hati ya kiapo ieleze kila siku tuliyochelewa, siku kwa siku. Nakala za barua zenye mhuri wa kupokelewa ndizo zilizotuokoa, pamoja na kumbukumbu za vikao, ambazo wenzangu walikuwa wakinicheka nikiziandika. Bado siku 19 zilikosa maelezo. Nilitaka kuzitafutia sababu, wakili akakataa katakata. Tukaandika ukweli: tulikuwa tunangoja jibu.

Mshindani naye hakuja mikono mitupu. Alileta mkataba wa mkopo wa magari na orodha ya madereva na makondakta aliowaajiri. Kila wiki tuliyongoja ilikuwa imemwongezea karatasi ya kutupinga nayo, na kosa la utaratibu halikuwa lake, lilikuwa la mamlaka. Zuio la muda, yaani amri ya kuisimamisha leseni hiyo mpaka hukumu, tulinyimwa siku hiyohiyo: mwenye dharura hangojei miezi 4. Hapo sikuwa na la kubisha.

Muda tuliongezewa. Lakini shauri lilipofikia hukumu, leseni ile ya mwaka mmoja ilikuwa imebakiza wiki 6. Jaji akatamka kwamba utaratibu ulikiukwa, ila akakataa kuifuta. Abiria walishaizoea huduma na watu walishaingia gharama. Baadhi ya wenzangu walitoka wamenuna, wakisema tumeshinda karatasi. Mimi karatasi ile niliihitaji. Maombi ya kuhuisha leseni yalipotangazwa, niliiambatisha kwenye pingamizi letu na kulipeleka mwenyewe siku ya pili, nikakaa kwenye benchi la masjala mpaka lilipogongwa mhuri.