Meza ya kwao Chechi

Jana nimekaa juu ya mbuzi nakuna nazi, binti yangu akaniuliza, "Mama, kwa nini tusinunue tui la pakiti?" Nikamjibu, baba yako halipendi. Neno lile liliponitoka, mkono ukasimama. Nikaikumbuka Ruwi, mtaa wa Muscat kule Oman, na Chechi.

Mwaka 2021 tulikaa chumba kimoja pale. Yeye mtu wa Thrissur, Kerala, kusini mwa India. Kwa Kimalayalam chechi ni dada mkubwa, nami sikumwita vingine. Kila Ijumaa tulitazama filamu za kwao kwenye simu yake, akinitafsiria kwa Kiarabu chetu cha kuokoteza. Nilizipenda kwa kuwa hazina papara: mvua inanyesha, watu wanapika, majirani wanagombana. Siku hiyo akaweka The Great Indian Kitchen ya Jeo Baby.

Ni habari ya mke aliyeolewa karibuni, na muda mwingi ni jikoni tu. Muziki karibu hakuna. Unasikia kisu kwenye ubao, mafuta yakichachatika, nazi ikikunwa. Chirava yao ni mbuzi yetu hasa, na ulimi wake wa chuma wenye meno. Nikasema kwa sauti, "Hii si ya mama!" Kisha baba mkwe, kwa upole kabisa, anataka wali wake upikwe kwa kuni, si kwa presha kuka, na chatini isagwe kwa jiwe. Upole ule ndio ulionichoma. Wanaume wakala, walichotafuna wakakiacha kimezagaa mezani, wakanyanyuka. Mama mkwe na mke wa kijana wakaketi palepale kwenye uchafu ule, ndipo na wao wakala.

Chechi akaisimamisha filamu. Akaweka kidole juu ya yale mabaki. "Meza ya kwetu," akasema, na sauti ikamkatika.

Nami nikamwona mama, Pangani, nyuma ya mlango wa jiko na mkia wake wa samaki. Siku zote alituambia ndicho kipande akipendacho. Usiku ule nikampigia nikamuuliza kama ni kweli. "Swali gani hilo, mwanangu?" Akaniuliza habari za kazi.

Jana nilimtuma binti amwite kaka yake aje akune kizio cha nazi kilichobaki. Akaja, akakaa upande, hajui hata kizio kinashikwaje. Ana miaka 16. Nimemlea mimi mwenyewe, katika jiko hilihili.